Paka wangu ana kisukari: nimepandisha insulini mara tatu na sukari ya asubuhi ndo inazidi kupanda. Nakosea wapi?

#1 Mlezi wa Kunguru
Wakuu salaam. Nina paka dume, kahasiwa, mweusi tii, jina lake Kunguru, ana miaka 11. Sa hivi ana kilo 5.8, kabla ya kuumwa alikuwa na kilo 7 na kitu. Miezi miwili nyuma nilianza kuona bakuli la maji linakauka kabla ya mchana, mchanga wa choo chake unaganda mabonge makubwa kama ngumi, na anakula kuliko zamani ila ukimpapasa mgongoni unahesabu mifupa. Nikampeleka kwa daktari wa mifugo, wakapima damu na mkojo, kisukari. Tukaanza insulini ya U-40 (yuniti 40 kwa mililita), ile ya rangi ya maziwa, yuniti 1 saa 1 asubuhi na yuniti 1 saa 1 usiku.

Sasa shida iko hapa. Siku kumi za mwanzo nilikuwa nampima nyumbani kabla ya sindano ya asubuhi naona 19. Nikapandisha 1.5. Siku tatu baadaye 20. Nikaweka 2. Siku tatu tena, 22. Juzi nimeweka 2.5, leo asubuhi mashine imesoma 24.6. Dawa inaongezwa na sukari inaongezeka, hii hesabu siielewi. Alafu miguu ya nyuma imeanza kulala, anatembelea visigino kama sungura, zamani alikuwa anaruka juu ya kabati sa hivi anasimama chini analiangalia tu. Hilo ndo linaniumiza zaidi. Nakosea wapi jamani?

#2 Kibuyu cha Maji
Pole sana mkuu. Mi nadhani dozi bado ndogo. Kilo 5.8 yuniti 2.5 ni kitu gani, weka hata 5 uone kama haitashuka.

#3 Sindano Mbili
Mkuu wa #2 tafadhali usimwambie mtu hivo, utaua paka wa watu. Paka wengi huanza na yuniti 1 mara mbili kwa siku, hata akiwa mnene, na kupanda ni nusu yuniti kwa nusu yuniti tena ukishaona namba za siku nzima, sio namba moja ya asubuhi. Sukari ya juu wiki nzima inamchosha ila hatakufa leo. Sukari ikishuka mno ni saa chache tu.

@Mlezi wa Kunguru mi nimeuguza paka wa kisukari miaka minne, nina maswali kabla sijasema chochote. Unatumia bomba gani la sindano, la U-40 au la U-100? Unachoma wapi? Chupa ina muda gani tangu uifungue na inakaa sehemu gani ya friji? Anakula nini na saa ngapi? Na umeshawahi kupima katikati ya siku au unapima tu kabla ya sindano?

#4 Ngozi Ngumu
Hii mbona inajulikana. Dozi imezidi. Sukari inashuka sana usiku wakati umelala, mwili unashtuka, ini linamwaga akiba yake yote ya sukari kwenye damu, asubuhi unakuta namba iko juu unadhani dawa haitoshi, unaongeza, kesho inashuka zaidi na kupaa zaidi. Huo ni mzunguko. Rudi yuniti 1 uone.

#5 Mlezi wa Kunguru
Asante dada Sindano Mbili. Mabomba nilipewa ya U-40, yameandikwa hivo kwenye mfuniko mwekundu. Nachoma nyuma ya shingo. Chupa ina wiki tano, inakaa friji rafu ya juu, nyuma kabisa ili watoto wasiiguse. Anakula chakula kikavu asubuhi na jioni, ila bakuli halitolewi mana kuna paka mwingine ndani, jike, yeye mzima. Katikati ya siku sijawahi kupima, nakuwa kazini.

@Ngozi Ngumu hiyo ya kushuka usiku inanitisha, nitaijuaje?

#6 Bwana Takwimu
Nyuma kabisa ya friji rafu ya juu. Weka kipimajoto hapo usiku kucha. Friji nyingi ukuta wa nyuma ndo wenye baridi kuliko kote, kuna zingine hadi zinagandisha mboga. Insulini inataka nyuzi 2 hadi 8, ikiganda hata mara moja imekufa, hata ikiyeyuka ikaonekana nzima kwa macho. Unachoma maji meupe tu.

#7 PakaWanne
Mi nilikuwa na tatizo hilihili na jibu lilikuwa manyoya. Nilikuwa nachoma manyoya! Unavuta ngozi, unaingiza sindano upande huu inatokea upande wa pili, dawa yote inaishia kwenye koti la paka. Siku nikamnusa baada ya sindano, ananuka kama bandeji mpya ya hospitali, na ukipitisha kidole unakuta umande. Ndo nikajua. Jaribu kumnusa.

#8 Sindano Mbili
Kweli kabisa hiyo harufu, ukishaijua huisahau. Na ikitokea umechoma manyoya au huna uhakika kama imeingia, USIRUDIE. Subiri sindano inayofuata. Nimeona mtu kwa huruma karudia dozi kumbe ya kwanza iliingia yote.

Alafu mkuu nyuma ya shingo pale ngozi ni nene na damu haipiti sana, wengi siku hizi tunahamia ubavuni, leo kulia kesho kushoto, au juu ya paja. Ukichoma palepale kila siku ngozi inaweka vinundu na dawa inafyonzwa vibaya.

#9 chipukizi22
Samahani naulizia tu, paka anapataje kisukari? Mliwapa soda? 😀

#10 Bwana Takwimu
@chipukizi22 paka hata utamu hausikii mdogo wangu. Jeni moja ya kipokezi cha utamu kwenye ulimi imekufa kwa jamii nzima ya paka, hadi simba na chui, ilitangazwa 2005. Kisukari cha paka wengi kinafanana na kile cha aina ya pili cha binadamu, mwili unaacha kuitikia insulini na kongosho linachoka. Wanene, madume, waliohasiwa, wa umri wa kati kwenda juu, wanaokaa ndani bila kukimbia, hao ndo wako kwenye foleni. Paka wa aina ya Burmese nao kwenye baadhi ya nchi wanaongoza. Na kuna wanaopata baada ya sindano za steroidi za mzio.

#11 Mlezi wa Kunguru
Steroidi! Kunguru mwaka jana alichomwa ya kuwashwa ngozi, mara tatu, ile ya kukaa muda mrefu mwilini. Hakuna aliyeniambia kitu. Nisingekubali ya tatu.

#12 nesi_wa_zamu
Usijilaumu, alikuwa anajikuna hadi damu sindio? Mlimtibu. Cha muhimu mwambie daktari wako wa sasa hizo sindano zilikuwa lini, mana zinafanya insulini isikubali kufanya kazi, na zikishaisha mwilini uhitaji wa dawa unaweza kushuka ghafla.

Mi kazi yangu ni binadamu ila nina paka wa kisukari nyumbani, mambo mengi yanafanana, moja halifanani. Paka akiogopa sukari yake inapaa hata bila kisukari. Ukimpakia kwenye kikapu, ukamfikisha kwenye meza baridi na harufu ya mbwa, 16 sio ajabu. Ndo mana daktari mzuri anaongeza kipimo cha fruktosamini, kile kinaonesha wastani wa wiki mbili hivi zilizopita, woga wa nusu saa haukigusi. Kwa hiyo swali langu kwako, wakati unampima asubuhi anakuwaje? Anapigana?

#13 Mlezi wa Kunguru
Anapigana sana. Mke wangu anamshika na taulo, mi natoboa sikio, mara ya kwanza damu haitoki, ya pili haitoki, ya tatu ndo inatoka tayari wote tunatoka jasho na yeye analia ile sauti ya chini.

#14 Sindano Mbili
Basi namba zako za asubuhi zina woga ndani yake, kiasi gani hakuna ajuaye.

Ngoja nikuelekeze ninavofanya. Chukua soksi safi, tia mchele mkavu, funga, ipashe moto kidogo hadi ukiigusa kwenye shavu lako haichomi. Muwekee sikioni huku unamkuna kidevu, nusu dakika hadi dakika moja, sikio likishapata joto damu inasogea yenyewe. Washa tochi nyuma ya sikio utaona mshipa mdogo unazunguka ukingoni. Usitoboe mshipa, toboa ile nafasi nyembamba kati ya mshipa na ukingo. Nyuma weka kipamba ili usijitoboe kidole. Tone la damu likiwa kama kichwa cha sisimizi linatosha, sogeza stripu ilinyonye yenyewe usiipake. Ukimaliza bana sikio kwa kipamba sekunde kumi, lisivimbe. Na papo hapo mpe kitu anachokipenda, kipande cha nyama, kila siku, hata usipofanikiwa kutoa damu. Wangu baada ya wiki mbili akisikia kile kisanduku cha mashine kinafunguliwa anakuja mwenyewe anakaa kwenye mkeka wake. Taulo achana nalo.

#15 Mzee wa Mezani
Hapo pa kipande cha nyama ndo penye siri. Hata mi mtu akinipa kipande cha nyama nampa sikio 😂 Hongera bibie kwa maelezo mazuri.

#16 Kibuyu cha Maji
Nimekubali kosa kuhusu ile 5, sikujua. Ila mi paka wangu alikuwa anasoma 400 na hakuna aliyeshtuka, nyie 24 mnahamaki?

#17 Bwana Takwimu
@Kibuyu cha Maji 400 yako ni miligramu kwa desilita, 24 yake ni milimoli kwa lita. Zidisha kwa 18. 24.6 yake ni kama 443 ya kwako, yaani amekupita. Paka mzima yuko 4 hadi 6 na kitu kwa milimoli. Figo zinaanza kuachia sukari kwenye mkojo ikishavuka kama 14 hadi 16, hapo ndo kiu na mabonge ya mchanga yanapoanza. Watu waandike kipimo wanachotumia, siku moja mtu ataelewa vibaya.

#18 Mifugo na Mimi
Habarini, mi ni mtaalamu wa mifugo, kazi yangu kubwa ni ng'ombe na mbuzi ila paka nao naletewa. Niongeze mawili. Kwanza mdomo. Fungua mdomo wa Kunguru uangalie fizi. Jino bovu, fizi nyekundu, maambukizi kwenye njia ya mkojo, kongosho lililovimba, vyote vinaifanya insulini igonge mwamba. Utapandisha dozi hadi kesho. Pili, ile insulini ya U-40 inayotokana na nguruwe, Caninsulin, kwa mbwa inakaa vizuri mana insulini ya nguruwe na ya mbwa ni kitu kimoja. Kwa paka inafanya kazi lakini kwa baadhi yao inaisha mapema, baada ya saa 8 au 10, wakati wewe unasubiri 12. Zile saa za mwisho anakaa bila kitu, ndo unakuja kupima unakuta iko juu. Kilele chake unakikosa kwa sababu kinatokea saa 4 hadi 6 baada ya sindano wakati uko kazini.

#19 Ngozi Ngumu
Sasa hiyo na ya kwangu tofauti yake nini? Zote asubuhi iko juu.

#20 Mifugo na Mimi
Tofauti ni matibabu ndugu yangu. Ya kwako dawa yake ni kupunguza dozi. Ya kwangu ni kubadilisha aina ya insulini, kwenda kwenye ya muda mrefu kama glajini (Lantus) au ile ya PZI. Na nikuambie ukweli, hiyo ya ini kumwaga akiba aliieleza Michael Somogyi miaka ya 1930 kwa binadamu. Kwa paka waliofuatiliwa wakiwa kwenye Lantus imeonekana ni adimu sana, watu wanaitaja mara nyingi kuliko inavotokea.

#21 Ngozi Ngumu
Kwenye Lantus. Huyu hatumii Lantus. Paka wangu alikuwa kwenye hiyohiyo ya maziwa, alikuwa na 25 kila asubuhi, nikaamka saa 8 usiku nikampima, 2.9. Nilimpaka asali kwenye fizi mikono inatetemeka. Tulipopunguza dozi asubuhi zikashuka. Nilichokiona nimekiona.

#22 Mifugo na Mimi
Sikatai ulichokiona mkuu. Na asali ulifanya sawa.

#23 nesi_wa_zamu
Kwa kuwa imetajwa, wote mnaochoma insulini muwe na asali au glukosi ya unga nyumbani, sehemu ambayo hata mtoto anajua. Paka akilegea, akiyumba kama mlevi, akatoa macho, au akawa na njaa ya ghafla isiyo ya kawaida, pima haraka. Chini ya 3.3 ni hatari. Kama anameza mpe chakula chenye wanga. Kama hamezi au anatetemeka mwili mzima paka asali kidogokidogo kwenye fizi, usimmiminie mdomoni atapaliwa, na wakati huohuo mtu mwingine awe anapiga simu kwa daktari. Hata akizinduka bado aonwe, mana dawa iliyomo mwilini haijaisha.

#24 PakaWanne
Na kuna mtu kauliza chakula hapo juu, naona kimepitwa. @Mlezi wa Kunguru bakuli la chakula kikavu kukaa wazi usiku kucha ni tatizo kubwa kuliko yote mliyotaja. Paka ni mla nyama, kikavu kingi kina wanga mwingi ili kiweze kuumbika. Kunguru wako anaamka saa 9 usiku anakula cha mwenzake, saa 1 unampima unashangaa.

#25 Mlezi wa Kunguru
Daah. Anakula kweli usiku, namsikia anavunjavunja. Nilidhani ni yule jike.

Nimeweka kipimajoto kama alivosema Bwana Takwimu, asubuhi kimesoma nyuzi 1 pale nyuma. Na nimeangalia mdomo, upande wa kushoto juu fizi ni nyekundu damu na mdomo unanuka. Sasa yote mnayosema ninayo, nianze na lipi?

#26 Sindano Mbili
Usianze na yote siku moja, hutajua kipi kimefanya nini. Chupa ndo ya haraka, fungua mpya, na mpigie daktari kesho, mwambie ulipandisha kila baada ya siku tatu, aseme urudi wapi. Chupa mpya yenye nguvu na dozi ya 2.5 uliyoizoea kwa chupa iliyokufa ni hatari, umenielewa? Kama ile ya zamani ilikuwa imeganda, basi paka wako hajawahi kuonja yuniti 2.5 za kweli.

Na chakula usikibadilishe ghafla huku unachoma dozi ileile. Ukitoa wanga sukari inashuka yenyewe, kuna paka uhitaji wao unashuka ndani ya siku chache. Badilisha taratibu huku unapima.

#27 Kibuyu cha Maji
Hapo pa chupa umenifungua macho dada, sikufikiria.

#28 Mzee wa Mezani
Swali la pembeni, hiyo ya maziwa inatikiswa au inabingirishwa? Nilifundishwa kuibingirisha kati ya viganja, taratibu, kama unasokota unyuzi.

#29 PakaWanne
Inabingirishwa. Ukitikisa unaivunja.

#30 Bwana Takwimu
Inategemea chupa. Kuna ambayo karatasi yake ya ndani inasema itikiswe vizuri hadi iwe maziwa sare, baadaye povu litulie. Zingine zinasema bingirisha. Lantus ni angavu, haihitaji chochote, na haichanganywi na maji wala insulini nyingine. Someni karatasi ya chupa mliyonayo, ya jirani haikuhusu.

#31 chipukizi22
Mbona hamtumii vidonge tu kuliko kumtoboa mnyama kila siku? Nimeskia vipo.

#32 Mifugo na Mimi
Vipo mdogo wangu. Marekani waliidhinisha kidonge cha bexagliflozin Desemba 2022, na 2023 ikaja ya maji, velagliflozin, inamfanya paka akojoe sukari. Ila maelekezo ya kule yanasema sio ya paka aliyekwisha kuchomwa insulini, na kuna hatari ya damu kujaa ketoni (asidi zinazotokana na mwili kuchoma mafuta) hata wakati mashine inasoma sukari nzuri. Kwa Kunguru mlango huo umefungwa. Na jamani dawa za kisukari za bibi na babu kwenye kabati msimpe paka, hata nusu.

#33 Ngozi Ngumu
Hapo tumekubaliana.

#34 Mlezi wa Kunguru
Narudi na taarifa. Daktari kasema nirudi yuniti 1.5 na chupa mpya nikae hapo bila kugusa. Chakula nimeanza kuchanganya na cha kopo na bakuli la jike limehamia juu ya meza ambako Kunguru hawezi kufika kwa sasa. Soksi ya mchele inafanya kazi!! Jana damu mara ya kwanza tu, mke wangu hakuamini.

Jumamosi nilikaa nyumbani nikapima kila baada ya saa mbili, ikiwa ni siku ya sita ya chupa mpya. Kwa milimoli:
saa 1 asubuhi 23.1, nikachoma baada ya kula
saa 3: 14.4
saa 5: 6.2
saa 7 mchana: 5.4
saa 9: 10.8
saa 11 jioni: 17.9
saa 1 usiku: 21.5

Mashine ni ya binadamu.

#35 Mifugo na Mimi
Tazama hapo. Imefanya kazi nzuri sana hadi saa 7 mchana, saa 9 tayari inapanda, saa 11 imeisha. Hiyo ni insulini ya muda mfupi kwa paka huyu. Wala dozi usiiongeze, 5.4 ya chini hapo ni pazuri. Ongea na daktari kuhusu glajini.

#36 Ngozi Ngumu
Mi naona kutoka 23 hadi 6 ndani ya saa nne. Kuporomoka kwa kasi hivo ndo kunaushtua mwili hata bila kufika 3. Alafu unapaa. Ni kilekile nilichosema #4.

#37 PakaWanne
Saa 9 mchana alikula?

#38 Mlezi wa Kunguru
Alikula saa 8 kidogo, kikavu kilichobaki.

#39 PakaWanne
Haya.

#40 Bwana Takwimu
Kila mtu kapata ushahidi wake kwenye namba saba 😀 Kumbuka mashine ya binadamu kwa damu ya paka inasoma chini kidogo ya ukweli, sukari imegawanyika tofauti kati ya chembe nyekundu na maji ya damu. Zile za wanyama zimesawazishwa. Kwa hiyo 5.4 inaweza kuwa 6 na kitu. Sio tatizo, bora utumie ileile kila siku usichanganye. Kuna pia sensa za kubandika kama FreeStyle Libre, zimetengenezwa kukaa siku 14, kwa paka nyingi zinabanduka mapema ila hata siku tano utaona usiku kunatokea nini, tubishane kidogo.

#41 nesi_wa_zamu
Lile jino vipi?

#42 Mlezi wa Kunguru
Daktari kasema kuna mawili ya kung'oa. Anasita kumlaza usingizi sukari ikiwa hivi, anataka ishuke kwanza.

#43 nesi_wa_zamu
Na sukari haitashuka kwa sababu ya jino. Najua hiyo njia panda, nilipita. Sisi tuliamua kung'oa bila kusubiri namba nzuri, baada ya wiki mbili dozi ikapungua nusu. Muulize tena kwa upole, muulize anasubiri namba gani hasa.

#44 Simba wa Dari
Nimesoma uzi wote toka juu. Hakuna aliyetaja akromegali. Kivimbe kidogo kwenye tezi chini ya ubongo kinamwaga homoni ya kukua, paka anakataa insulini kabisa. Uingereza walipopima paka wa kisukari zaidi ya elfu moja, karibu mmoja kati ya wanne alikuwa na dalili hiyo kwenye damu. Kichwa kimekuwa kipana? Viganja vikubwa? Anaongezeka kilo wakati sukari iko juu? Kipimo chake ni cha homoni ya IGF-1 kwenye damu.

#45 Mlezi wa Kunguru
Jamani nimeshaogopa. Kichwa chake kilikuwa kikubwa toka zamani, ni dume. Kilo zimepungua, hazijaongezeka.

#46 Sindano Mbili
Usiogope. Paka anayefika 5.4 kwa yuniti 1.5 insulini inamwitikia. Hao wa akromegali wengi wanakula dozi kubwa na namba hazitikisiki. Libaki mfukoni tu, likumbukwe baadaye kama mambo yakikwama.

Nikuambie na kitu cha kukutia moyo, mana umefika kipindi kile kigumu cha katikati. Paka sio kama mbwa, kisukari chake kinaweza kulala, akakaa miezi au miaka bila sindano. Kirsten Roomp na Jacquie Rand walichapisha 2009 kazi yao ya paka waliopimwa na wenyewe nyumbani kwa Lantus, walioanza utaratibu ule mkali ndani ya miezi sita tangu kugundulika, 84 kwa mia waliacha insulini. Waliochelewa zaidi ya hapo 35. Wewe uko mwezi wa pili. Na kwa hizo sindano za steroidi mwaka jana nina matumaini nawe zaidi. Visigino navyo vinanyanyuka sukari ikitulia, taratibu, wangu alichukua kama miezi mitatu, siku moja nikamkuta juu ya dirisha nikalia.

#47 Mzee wa Mezani
Umenigusa bibie. Wa kwangu hakuacha insulini, alichomwa hadi mwisho, miaka mitano, na aliishi vizuri. Naandika hili ili wa namna hiyo nao wasione wameshindwa.

#48 Simba wa Dari
Samahani mkuu kwa kukutisha #44. Sindano Mbili yuko sahihi.

#49 Mlezi wa Kunguru
Hakuna shida mkuu. Asanteni nyote.

Leo asubuhi alitapika povu na chakula kakiacha. Sikuchoma, nilipima 18. Nilifanya sawa?

#50 Ngozi Ngumu
Sawa kabisa. Hajala usichome.

#51 nesi_wa_zamu
Sio moja kwa moja hivo. Paka wa kisukari akikosa insulini kabisa huku hali ndo ketoni zinajaa. Daktari wangu hunielekeza nusu dozi sukari ikiwa juu hivo, wa mwingine atasema vingine, ndo mana unapiga simu kabla. Una stripu za mkojo za ketoni? Chovya kwenye mkojo mbichi kabla mchanga haujaunyonya. Mnuse mdomo pia, harufu ya matunda yaliyoiva mno sio ya jino. Akitapika tena au akilala tu bila kuamka, ni leo, sio kesho.

#52 Mlezi wa Kunguru
Stripu haijabadilika rangi. Mchana kala kopo nusu na kanywa maji kawaida. Daktari nimempigia, kasema nichome yuniti 1 jioni kama akila, na jino tumepanga Alhamisi.

Nimemuuliza kuhusu glajini, kasema tung'oe kwanza tuone.

#53 Mifugo na Mimi
Hiyo sikubaliani nayo lakini yeye ndo anamwona mgonjwa. Tusubiri.

#54 PakaWanne
Bakuli la jike bado liko juu?

#55 Mlezi wa Kunguru
Liko juu. Ndo nilikuwa nakuja kusema. Jioni alikula yote, nikachoma yuniti 1 ubavuni, hakugeuka hata kuniangalia. Nimeamka saa 7 usiku kumpima, kwa sababu ya maneno ya Ngozi Ngumu yamenikaa kichwani. 4.3. Hayumbi, ananiangalia tu, anadhani ni muda wa nyama. Nimempa kopo kijiko kimoja.

#56 Ngozi Ngumu
4.3 kwa yuniti MOJA. Subiri uone asubuhi itakavyopaa. Kaa macho mkuu, pima tena baada ya nusu saa.

#57 Mifugo na Mimi
Isipopaa je? Kama chupa ya zamani ilikuwa imeganda na usiku hali tena kikavu, 4.3 ni kongosho linaanza kuamka. Ila kweli, pima tena.

#58 Sindano Mbili
Niko macho nawe. Andika namba.

#59 Mlezi wa Kunguru
Saa 7 na nusu: 5.1. Amejikunja miguuni pangu juu ya blanketi. Nimetega saa 9, na saa 11.